Baraza Iliyoziba Njia ya Kisima

Baba alijenga baraza kabla hatujapata mlango. Nyumba yetu ya Wattaya, nje kidogo ya Muscat, ilikuwa ya makuti ya mtende, yamefungwa kwa kamba ubavu kwa ubavu kama kapu kubwa lililogeuzwa, na pahala pa mlango tulitundika kanga kuukuu ya shangazi yangu. Lakini nje, mbele ya uzio, Baba alikwishapanga mawe, akayashika kwa udongo, akayasiriba kwa viganja vyake, na kwa kuwa hakuwa na subira ya kungoja udongo ukauke, alikaa siku ile ile akainuka na kanzu yenye ramani nyuma.

"Nyumba bila baraza," alisema akijipangusa, "ni kaburi lenye jiko."

Siku hizo Wattaya haikuwa na duka la sindano, seuze la magari. Palikuwa na mitende, visima vichache, milima mikavu iliyokaa kama watu walionuna, na njia ya punda iliyokwenda Ruwi na Matrah. Wenyeji walikuwa na mashamba yao chini bondeni. Sisi, familia chache tuliotoka Unguja baada ya mambo ya sitini na nne, tulikuwa juu kidogo, kwenye changarawe ambayo sheikh wao alituazima kwa maneno matatu: "Kaeni, Mungu karimu." Alivyotuazima kwa ulimi, kwa ulimi angeweza kututoa, na jambo hilo lilimkaa Baba kooni kama mwiba wa samaki. Unguja aliacha nyumba ya ghorofa na duka. Matrah alikaa miaka miwili kwenye chumba cha jamaa, akilala miguu yake ikiwa chini ya cherehani ya watu. Alipopewa pale changaraweni aliapa mbele yetu sote: "Mimi sihami tena. Atakayenihamisha aje na jeneza."

Mimi nilifika juma lile lile la kuhamia, nikitoka Cairo na shahada ya historia ambayo shangazi alinikataza kuitaja mbele za watu, maana wakati ule Muscat msomi alitazamwa kama mtu aliyerudi na ugonjwa usiojulikana. Shahada niliificha, ugonjwa wenyewe haukufichika. Dalili yake ilikuwa kuuliza kwa nini.

"Kwa nini Unguja tuliitwa Waarabu, na Uarabuni tunaitwa Wazinjibari?"

"Kwa sababu watu hawana kazi," alijibu Baba.

"Na kwa nini kilima kile mmekiita Mnazi Mmoja, na hakuna mnazi hapa mpaka ufike Salala huko kusini?"

"Kitu lazima kiwe na jina."

"Kilikuwa nalo. Wenyeji wana jina lao."

"Basi sasa kina mawili. Kimetajirika."

Nilimweleza kuwa hivyo ndivyo walivyofanya walowezi wa kila pahala niliosoma habari zao: wanafika juzi, jana wamekwishavibatiza vilima, leo wanapiga uzio, na kesho wanashangaa kwamba waliowakuta pale nao wana maoni. Baba alinisikiliza mpaka mwisho, akavua ndara moja akanitupia.

"Mlowezi babu yako!" alisema. Kisha akakumbuka kuwa babu yangu ndiye baba yake, na kwamba alizaliwa huku huku Oman, akashusha sauti: "Astaghfirullah."

Mahali pa baraza Baba hakupachagua kwa bahati. Njia ya kwenda kisima cha sheikh, kisima pekee chenye maji matamu, ilipita pale mbele, na Baba aliamini baraza hujengwa penye watu. Alasiri ikifika, wanaume wetu walikuja mmoja mmoja wakajipanga juu ya mawe. Kiongozi wao, baada ya Baba, alikuwa jirani mmoja aliyekuwa karani wa forodha Unguja na ambaye hata Wattaya, pasipo na forodha wala karatasi, tuliendelea kumwita Karani. Walizungumza siasa, bei ya mchele, na nani kaonekana Dubai. Na kila aliyepita alisalimiwa. Kwetu kumpita mtu kimya ni tusi. Na aliyekaa barazani ndiye mwenye zamu ya kuonesha adabu.

Sasa waliopita pale wengi wao walikuwa wanawake wa wenyeji na mitungi yao kichwani. Baba aliwasalimia kwa Kiarabu alichojifunza chuoni utotoni, Kiarabu cha kwenye kitabu, kizito, kila irabu mahali pake. Mwanamke anakwenda kuchota maji, na mwanamume asiyemjua, kakaa juu ya mawe na wenzake kumi, anamuuliza kwa lugha ya mimbari mumewe hajambo, watoto wake wangapi, na maji ya leo yana hali gani.

Wanawake wakawa hawaitiki. Halafu wakawa hawapiti. Tukawaona kwa mbali wakizunguka nyuma ya Mnazi Mmoja, njia ndefu ya mawe makali.

"Kwa nini wanazunguka?" niliuliza.

"Wanafanya mazoezi," alisema Karani.

"Wana haya," alisema Baba kwa upole. "Watatuzoea. Tuongeze kuwasalimia."

Baada ya hapo ndipo alipoanza kututembelea mzee mmoja wa wenyeji, mwenye shamba lililo karibu kabisa na sisi. Alikuwa na ndevu nyeupe na bakora nyembamba, na alikuja peke yake, polepole, kama mtu aliyebeba kitu kinachomwagika. Baba alifurahi kupita kiasi. Alimkalisha kwenye mkeka mzuri.

"Khabari gani, mzee wangu?"

"Hakuna khabari," alisema mzee. "Salama tu. Na nyinyi, khabari zenu?"

"Zetu!" alisema Baba, akakunja miguu vizuri. Akampa. Alimpa punda aliyekula mkeka wa Karani, goti la shangazi linavyouma upepo ukigeuka, jino, mchele wa Matrah wenye mawe, na mimi, kijana mzima nimetoka Cairo na sina mke wala dalili ya mke. Shangazi akaleta chai ya maziwa na tangawizi, na sahani ya vitumbua. Kahawa hatukuwa nayo. Kwa Baba kahawa ilikuwa kitu cha kuuziwa njiani na mtu anayegonga vikombe, na kuipika nyumbani aliona ni sawasawa na mtu kujinyoa kichwa mwenyewe. Mzee akaitazama chai ile. Akangoja. Kila alipofungua kinywa Baba alimwahi: "Kula, mzee wangu, usione haya." Alikula kitumbua, akangoja tena, akaaga.

Alikuja mara ya pili, hakuna khabari. Mara ya tatu vile vile, ila alikaa muda mrefu zaidi na aliondoka akitikisa kichwa.

"Mtu mtulivu sana yule," alisema Baba akimsindikiza kwa macho. "Lakini namhurumia. Anaishi maisha hayana tukio hata moja."

Kesho yake kamba ya kisima haikuwepo.

Kamba ile haikuwa yetu. Ilikuwa ya sheikh, imefungwa kwenye gogo juu ya kisima, na wenyeji na sisi sote tuliivuta. Sasa pale juu palibaki gogo tupu. Wenyeji, tuliona, walikuja kila mmoja na kamba yake begani, wakachota, wakaondoka nayo.

Barazani siku ile hapakuwa na siasa ya mbali. "Hii ni vita," alisema Karani, na uso wake ukapata rangi ambayo sikuwahi kuiona. Alitaka iundwe kamati, na kamati iwe na mwenyekiti na katibu, na katibu awe yeye. Wengine walisema ni uchoyo wa Wamanga, ndivyo tulivyowaita Unguja Waarabu waliokuja moja kwa moja kutoka huku, na hatukuacha kuwaita hivyo hata tulipokuwa wageni kwao. Baba alikuwa akitazama kisima kwa mbali, na nilijua anafikiri nini. Leo kamba, kesho ardhi. Alikuwa na umri wa mtu anayestahili kuuliza wajukuu wamekula nini, si wa kufunga tena virago juu ya punda.

"Kwa nini tusiwaulize?" nilisema.

"Tuwaulize nini?" Karani aliruka. "Yule mzee kaja mara tatu! Angekuwa na neno si angesema?"

Kamati ikaamua kununua kamba. Karani alikwenda Matrah mwenyewe akarudi nayo, mpya, nzuri, ya katani, na alituongoza kisimani mchana kweupe ili tuonekane. Wenyeji wachache walikuwa wamekaa chini ya mitende wanakula tende. Karani akafunga ndoo kwa fundo la forodhani, akashusha, akashusha, kamba ikaisha. Chini kabisa tulisikia ukimya. Ndoo ilikuwa inaning'inia hewani.

"Hukupima?" aliuliza Baba.

"Nimepima kwa macho!"

"Kisima cha macho yako kiko Unguja."

Tukaunga kilemba cha mtu. Bado. Tukaunga mshipi. Karani, kwa kujitolea ambako sitakudharau, akavua shuka aliyovaa chini ya kanzu, akaunga. Ndoo ikagusa maji, tukapiga kelele ya ushindi, tukavuta, na fundo la kilemba na mshipi likaachia pale pale ukingoni. Kamba mpya, kilemba, ndoo, vyote vikazama. Karani akabaki na shuka yake mkononi. Kule chini ya mitende hakuna aliyecheka. Mmoja tu aliinuka, akasogea taratibu akatuwekea sahani ya tende, akarudi kukaa. Hilo liliuma kuliko kucheka.

Kwa hasira nilikwenda peke yangu nyumbani kwa yule mzee. Nilikuwa nimejipanga na maswali, lakini aliponiuliza khabari, nilikuwa nimekasirika kiasi kwamba nilisema, "Hakuna," nikanyamaza. Naye akasema hakuna. Tukanyamaza wote wawili. Ikaletwa tende, nikala nimenuna. Ikaletwa kahawa, chungu, ya iliki, nikanywa nimenuna. Akamimina tena. Nadhani ndiyo mara ya kwanza maishani mwangu niliyokaa muda wote huo bila kuuliza kitu, na sikufanya hivyo kwa adabu.

Mzee akaweka dele la kahawa chini, akasogea karibu.

"Kuna neno dogo," alisema.

Nusura nimwage kikombe. Basi ndivyo ilivyokuwa! Huku mtu akiulizwa khabari husema hakuna, hata kama nyumba yake inawaka. Kwanza mnatuliza roho, mnakula tende, mnakunywa kahawa, ndipo neno linapotoka. Na neno lake lilikuwa hili: wanaume kujipanga kwenye njia ya wake za watu na kuwauliza idadi ya watoto wao ni jambo ambalo bondeni halijapata kutokea tangu mitende ilipopandwa. Sheikh anatungoja Ijumaa baada ya sala. Ama yale mawe yaondoke, ama sisi.

"Lakini kwa nini hukutwambia?"

"Nimekuja mara tatu," alisema, na kwa mara ya kwanza niliona amechoka. "Baba yako alinipa khabari zake mpaka nikasahau yangu. Nikasema labda kahawa ikija. Kahawa haikuja. Goti la shangazi yako vipi sasa?"

Nilipofikisha haya nyumbani Baba alishikwa na uchungu.

"Sikumpa nafasi? Mimi? Nimempa vitumbua!"

"Ulimpa vitumbua kila alipotaka kusema."

"Ndivyo mgeni anavyopewa!" Akainuka, akakaa, akainuka tena. "Na mtu gani anayeulizwa khabari akasema hana, na khabari anayo? Si uongo huo?"

Kwa mara moja tulikuwa tunauliza swali moja, baba na mwana, na wala hatukusaidiana. Shangazi alikuwa kakaa kwenye kibao chake cha mbuzi akikuna nazi adimu iliyotoka sokoni Matrah, kimya, kama aliyekuwa Unguja na sisi tuko Muscat. Kando yake mtungi wake ulikuwa umejaa. Tangu kamba itoweke haukuwahi kukauka. Mimi ninayehoji kila kitu nilikuwa nimekunywa kutoka mtungi ule kila siku, na sikuhoji.

Ijumaa tulikwenda wanaume wote kwenye sabla ya sheikh, chumba kirefu cha udongo cha kupokelea wageni, mikeka ukutani hadi ukutani. Njiani nilimsomesha Baba. Ukiulizwa, sema hakuna. Ukiulizwa tena, sema hakuna. Ukinyamaziwa, nyamaza.

"Mpaka lini?"

"Mpaka kahawa."

"Ya Rabbi," alisema.

Sheikh alikuwa mtu mfupi mwenye sauti ndogo. Aliuliza khabari. Baba akasema hakuna. Sauti ilitoka kama ya mtu aliyebanwa na mlango, lakini ilitoka. Karani akafungua kinywa, na Baba, bila kugeuka, akamkanyaga. Tukanyamaza. Nzi akazunguka. Halua ikaja, tende zikaja, kahawa ikaja. Nilimwona Baba mishipa ya shingo imemsimama. Khabari za juma zima zilikuwa ndani yake zinasukumana kama abiria mlangoni. Kikombe cha mwisho kilipoondoka, sheikh akajiweka sawa, akakohoa, akajitayarisha.

"Baraza naivunja," alisema Baba.

Yalikuwa ndiyo maneno machache kuliko yote niliyopata kumsikia akisema kwa pumzi moja. Sheikh alibaki mkono hewani.

"Sijasema bado," alisema.

"Samahani, sheikh."

"Nimekusudia kusema."

"Sema, sheikh. Mimi sijasema kitu."

Ikatubidi tusikilize maneno yake yote. Yalikuwa mazuri, na ni wazi aliyafanyia kazi. Alitaja haki ya jirani, akataja heshima ya njia. Baba aliposhindwa kujizuia akataja kuwa babu zetu walitoka nchi hii hii, sheikh alimwitikia kwa kichwa: "Babu yako aliondoka. Kisima hakikuondoka." Kisha akasema kamba itarudi, na tukae, Mungu karimu. Baba aliinamisha uso kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika, na sikuuliza kwa nini.

Tulipokuwa tunainuka sheikh alimshika Baba mkono. Jambo moja lilimkera bado. "Nambie. Kile kitu. Mnakaa nje?"

"Ndiyo."

"Mnaangalia watu wanaopita."

"Ndiyo."

"Nao wanajua kuwa mnawaangalia."

"Ndiyo, sheikh."

"Na mnafurahi?"

Baba akafikiri kwa uaminifu kabisa. "Sana," alisema.

Sheikh alitutazama kwa huruma ambayo sikuwa nimeiona tangu tufike Arabuni.

Tuliporudi, baraza haikuwepo. Mawe yalikuwa yamerundikwa vizuri nyuma ya nyumba, upande wa kivuli cha alasiri, na pale mbele palikuwa pamefagiwa. Shangazi alikuwa anapangusa mikono, na wanawake wawili wa wenyeji walikuwa wanaondoka na ndoo zao kwa njia ya mbele, ile fupi, wakizungumza kwa sauti.

"Nani kavunja?" aliuliza Baba.

"Sisi."

"Nani kakwambieni tumekubali? Tumetoka huko sasa hivi!"

"Kaka'angu, nyinyi mngekubali tu. Wake zao wameniambia habari hii tangu siku ya pili. Kila siku nakwenda kwao kwa nyuma, wananipa maji, tunazungumza."

"Tangu siku ya pili?" Nilihisi shahada yangu ikioza sandukuni. "Shangazi! Kwa nini hukusema?"

"Nani kaniuliza? Mmekaa pale na kamati yenu. N'nawaona wanaume wazima wamepanda juu ya mawe tangu alasiri, nyumba haina mlango. Nikasema, wacha sheikh aamue yeye. Mimi nikiivunja kabla yake ntaambiwa nna choyo."

Karani alisema kamati haikuarifiwa. Shangazi alimpa debe, akamwambia kamba imekwisha kurudi, aende akalijaze.

Maji yalipoletwa Baba alikaa kwenye lile rundo la mawe huko nyuma, akitazama mlima usiopita mtu, akanywa kata nzima. Akakunja uso.

"Maji yana chumvi," alisema.

"Ndiyo haya haya unayokunywa siku zote," alisema shangazi.

"Yana chumvi, nnakwambia. Kisima kile hakijasafishwa. Ijumaa ijayo n'takwenda kumwambia sheikh."

"Utamwambia hakuna khabari."

"Nitamwambia hakuna khabari," alisema Baba akisogeza jiwe moja lilingane na lenzie, "halafu nitamwambia."